Georges Méliès: Mwanamazingaombwe Aliyetufikisha Mwezini

Wahenga walisema kwamba ukimwona simba amenyeshewa usidhani ni paka. Msemo huu ungewafaa sana abiria waliokuwa wakipita katika stesheni ya garimoshi ya Montparnasse, jijini Paris, Ufaransa, katika miaka ya 1920. Ndani ya stesheni hiyo mlikuwa na kibanda cha kuuzia vitu vya watoto. Wanasesere walining'inizwa juu, mipira na vigari vikapangwa chini, na peremende zikawekwa karibu na mkono wa mteja. Nyuma ya hivyo vyote alikaa mzee mwenye kipara na ndevu nyeupe. Kibanda hakikuwa na siku ya kupumzika. Kulipokuwa na baridi mzee alikuwa papo, na wakati wa joto papo hapo. Watoto waliwavuta wazazi wao mikono, wazazi wakatoa senti, mzee akapokea, garimoshi likapiga honi, watu wakaenda zao.

Mzee huyo aliitwa Georges Méliès. Ni watu wachache sana kati ya wale abiria waliojua kwamba, miaka ishirini tu kabla ya hapo, sinema zake zilikuwa zikitazamwa Paris, London na New York. Wewe na mimi tunapotazama sinema na kuona mtu akitoweka ghafla, au akikua mkubwa kama nyumba, au akiruka hadi kwenye nyota, tunatazama mambo ambayo mzee huyu aliyafanya kabla babu zetu wengi hawajazaliwa.

Basi, msomaji mpendwa, swali ninalotaka tujiulize katika makala haya ni moja tu. Ilikuwaje mtu aliyeufundisha ulimwengu kuota ndoto ndani ya sinema akaishia kuuza peremende stesheni? Wengine watasema ni bahati mbaya. Mimi nasema bahati mbaya ilikuwepo, lakini kulikuwa na jambo jingine. Méliès alikuwa mtu wa kujitegemea. Alitaka kazi yake iwe yake, kwa pesa zake, kwa mikono yake. Jambo hilo ndilo lililompandisha, na ndilo hilo hilo lililomwangusha.

MTOTO WA MWENYE VIATU

Georges Méliès alizaliwa Paris tarehe 8 Desemba, 1861. Baba yake, Jean-Louis, alianza maisha kama fundi wa viatu wa kawaida, akafanya kazi kama mchwa hadi akawa na kiwanda chake mwenyewe cha viatu vya hali ya juu. Mama yake, Johannah-Catherine, alikuwa wa asili ya Kiholanzi, na jamaa zake pia walikuwa watu wa viatu. Georges alikuwa kitindamimba wa wavulana watatu. Kaka zake waliitwa Henri na Gaston. Kwao hapakuwa na shida ya chakula wala karo.

Alisomea Louis-le-Grand, shule yenye jina kubwa pale Paris. Darasani alikuwa na tabia ambayo baadhi yetu tunaifahamu vizuri sana. Mwalimu akifundisha, yeye anachora. Madaftari yake yalijaa sura za walimu na majumba ya ajabu. Aliadhibiwa, lakini hakuacha. Hata hivyo masomo hakuyatupa, kwani mwaka 1880 alifaulu mtihani wake wa mwisho.

Baada ya kulitumikia jeshi kama vijana wengine wa nchi yake, alitumwa na baba yake London mwaka 1884 ili afanye kazi ya ukarani na ajifunze Kiingereza. Huko London kulikuwa na ukumbi mmoja maarufu ulioitwa Egyptian Hall, na humo mtu aliyeitwa Maskelyne alikuwa akionyesha viinimacho vya kila aina. Georges akawa mteja wa kila mara. Inasemekana kwamba kwa kuwa Kiingereza chake kilikuwa cha kubabaisha, alipenda maonyesho ambayo jicho lilitosha kuyaelewa. Kijana aliyetumwa kutafuta lugha akarudi na mazingaombwe!

Aliporejea Paris mwaka 1885 alimwambia baba yake kwamba angependa kusomea uchoraji. Mzee akakataa katakata. Mwana wa mwenye kiwanda ataingia kiwandani, basi. Georges akawekwa kusimamia mitambo ya kushonea viatu. Pengine alinung'unika moyoni, lakini humo kiwandani ndimo alimojifunza kufungua mashine, kuitazama matumbo yake na kuirekebisha. Elimu hiyo, kama tutakavyoona, haikupotea. Mwaka huo huo alimwoa Eugénie Génin, na baadaye wakapata watoto wawili, Georgette na André.

Mwaka 1888 baba alistaafu, akawagawia wanawe biashara. Georges hakutaka viatu. Aliwauzia kaka zake fungu lake, na kwa pesa hizo akanunua jumba dogo la maonyesho la Théâtre Robert-Houdin, lililokuwa na viti kama 200 hivi. Jumba hilo lilikuwa limeanzishwa na Robert-Houdin, mwanamazingaombwe mashuhuri kuliko wote wa Ufaransa. Sasa Georges akawa na jukwaa lake, pazia lake na watazamaji wake. Alibuni viinimacho vipya vingi, akavichorea mandhari yeye mwenyewe, na mara nyingi akavicheza yeye mwenyewe.

USIKU WA KWANZA WA SINEMA

Tarehe 28 Desemba, 1895, katika chumba cha chini cha mkahawa wa Grand Café, ndugu wawili kutoka Lyon, Auguste na Louis Lumière, walionyesha umma sinema yao kwa mara ya kwanza. Kiingilio kilikuwa faranga moja, na waliolipa walikuwa 33 tu. Miongoni mwa wageni walioalikwa alikuwemo Méliès. Baadaye alisimulia kwamba picha ya kwanza ilipotokea kwenye kitambaa ikiwa imetulia tuli, alivunjika moyo, maana picha za namna hiyo alikuwa anazionyesha mwenyewe kwa miaka mingi. Mara, kumbe! Farasi katika picha akaanza kutembea kuwaelekea, na magari na watu wakafuata. Watu wote wakabaki vinywa wazi.

Onyesho lilipokwisha Méliès hakungoja kesho. Alimwendea Antoine Lumière, baba wa wale ndugu, akamwomba amuuzie ile mashine kwa faranga 10,000. Mzee Lumière akakataa. Wengine walitaja bei kubwa zaidi, nao wakaambulia patupu.

Mwingine angerudi nyumbani akalala. Méliès alivuka bahari hadi London, akanunua kutoka kwa fundi aliyeitwa Robert Paul mashine ya kuonyeshea picha. Akaifungua, akaichunguza kama alivyokuwa akichunguza mitambo ya viatu, na kwa msaada wa mafundi wenzake akaigeuza kuwa kamera ya kupigia picha. Ilikuwa nzito na yenye kelele kama kinu cha kusagia kahawa, lakini ilikuwa yake. Kufikia Mei, 1896 alikuwa ameanza kupiga sinema zake. Ya kwanza iliwaonyesha watu wakicheza karata, kwa kuwaiga akina Lumière.

Jambo la ajabu lilitokea mwaka huo, na yeye mwenyewe ndiye aliyelisimulia. Alikuwa akipiga picha za barabarani katika uwanja wa Opéra pale Paris, kamera ikakwama. Ikamchukua kama dakika moja kuifanya izunguke tena, na wakati huo magari na watu wakawa wanaendelea na safari zao. Alipoitazama picha hiyo ukutani aliona basi la abiria likigeuka ghafla kuwa gari la kubebea maiti, na wanaume wakigeuka kuwa wanawake! Tukiwa wakweli, ujanja huo ulikuwa umeshatumiwa Marekani mwaka 1895 katika sinema fupi iliyoonyesha malkia Mary wa Scotland akikatwa kichwa. Lakini wenzake waliutumia mara moja wakauacha. Méliès aliushika, akaufanya kuwa lugha.

Hebu tazama ulivyofanya kazi. Mwanamke anaketi kitini na kufunikwa kitambaa. Kamera inasimamishwa. Mwanamazingaombwe anabaki amesimama vile vile, mkono pale pale, bila kutikisika, huku yule mwanamke akiondoka polepole. Kamera inaanza tena. Kisha ukanda wa filamu unakatwa na kuunganishwa pale ulipokatizwa ili mshono usionekane. Mtazamaji anaona kitambaa kikifunuliwa, na loo, mwanamke hayupo! Sinema hiyo aliitengeneza mwaka 1896, na mwanamke aliyetoweka aliitwa Jehanne d'Alcy. Mkumbuke jina hilo, tutakutana naye tena.

NYUMBA YA VIOO

Wakati huo hapakuwa na taa za umeme za kutosha kwa kazi ya sinema. Jua ndilo lililokuwa taa. Kwa hivyo mwaka 1897 Méliès alikamilisha jengo la ajabu katika shamba la familia yao huko Montreuil, nje kidogo ya Paris. Kuta zake zilikuwa za vioo na paa la vioo, mfano wa nyumba ya kuoteshea maua. Ndani aliweka jukwaa lenye vipimo kama vya jukwaa la jumba lake la mjini, pamoja na vifuniko vya sakafuni vya kupandishia na kuteremshia watu. Kampuni yake aliiita Star Film, na alama yake ikawa nyota.

Ni nani aliyetunga hadithi? Méliès. Nani aliyechora mandhari? Méliès. Nani aliyeigiza shetani, mfalme, profesa na mchawi? Méliès. Nani aliyewaelekeza waigizaji, akabuni mavazi, akakata ukanda na kuuunganisha? Méliès tena. Na nani aliyelipa? Usiulize. Filamu za siku hizo hazikuziona rangi vizuri. Wekundu, kwa mfano, ulitokea mweusi kama masizi. Ndiyo maana mandhari yote alichora kwa rangi ya kijivu, iliyokolea hapa na kupauka pale, ili asije akadanganywa na kamera yake mwenyewe. Kati ya 1896 na 1912 alitengeneza sinema zaidi ya 500, nyingi zikiwa za dakika chache tu.

Ujanja wake wa pili ulikuwa wa kupiga picha mara mbili au zaidi juu ya ukanda mmoja. Mwaka 1900 alitengeneza sinema ambamo yeye peke yake ni bendi nzima ya watu saba, kila mmoja na ala yake. Ilibidi aigize mara moja upande huu mbele ya kitambaa cheusi, ukanda urudishwe nyuma, aigize mara ya pili kiti cha pili, urudishwe tena, hivyo hivyo mara saba. Alihesabu kila mwendo kwa makini. Akikosea mara ya saba, zile sita za kwanza zote zimeharibika. Hapakuwa na kompyuta jamani! Mwaka 1901 akaonyesha kichwa chake mwenyewe kikipulizwa kama puto hadi kupasuka. Kumbe alikuwa ameketi juu ya kigari kilichokuwa kikisogezwa karibu na kamera polepole.

Usidhani kwamba alijua mizaha tu. Mwaka 1899 alitengeneza sinema ya sehemu 11 kuhusu Dreyfus, yule mwanajeshi Myahudi aliyefungwa kwa kusingiziwa kuwa msaliti. Ufaransa nzima ilikuwa imegawanyika juu ya kesi hiyo, na Méliès alionyesha wazi kwamba alikuwa upande wa aliyeonewa. Na mwaka 1902 alionyesha kutawazwa kwa Mfalme Edward wa Saba wa Uingereza kabla mfalme hajatawazwa! Kanisa la Westminster lilikuwa mbao na vitambaa vya Montreuil, na mfalme alikuwa mfanyakazi wa mahali pa kufulia nguo aliyefanana naye. Kisha mfalme halisi akaugua, sherehe ikaahirishwa hadi Agosti, na sinema ikangoja na kuonyeshwa wakati sherehe yenyewe ilipofanyika.

SAFARI YA MWEZINI

Mwaka huo huo wa 1902 ndio aliotengeneza kazi ambayo haitasahaulika, Le Voyage dans la Lune, yaani Safari ya Mwezini. Iligharimu kama faranga 10,000 na miezi kama mitatu ya kazi. Ilikuwa na urefu wa dakika 14 hivi, wakati sinema nyingi za siku hizo hazikuzidi dakika mbili au tatu. Watu walimwona ana wazimu.

Hadithi yenyewe, iliyochota mawazo kwa Jules Verne na H. G. Wells, ni hii. Maprofesa wenye ndevu ndefu wanakutana na kubishana. Mkubwa wao, ambaye ni Méliès mwenyewe, anapendekeza waende mwezini. Wanaunda chombo chenye umbo la risasi, wanajitia ndani na kufyatuliwa na mzinga mkubwa. Mwezi, ambao una uso wa binadamu, unasogea, unasogea, halafu pu! Chombo kinauchoma jichoni. Huko wanakuta uyoga mkubwa kama miti, na wakazi wa mwezini wanaorukaruka, walioigizwa na wanasarakasi. Mkazi wa mwezini akipigwa mwavuli anapasuka na kuwa moshi. Maprofesa wanakimbia, chombo chao kinaanguka kutoka ukingoni mwa mwezi hadi baharini, na wanarudishwa nyumbani kwa shangwe.

Sinema haikuwa na sauti, hivyo mara nyingi alikuwepo mtu wa kuisimulia ikionyeshwa. Nakala nyingine zilitiwa rangi kwa mkono, picha baada ya picha, na wanawake wa karakana ya Bi. Thuillier, kila mmoja akishughulikia rangi yake. Binadamu wa kweli alikanyaga mwezi mwaka 1969. Méliès alikuwa ametangulia kwa miaka 67, na hakuhitaji hata kutoka Montreuil.

WEZI NA MATAJIRI

Sasa tuje kwenye shida. Safari ya Mwezini ilipendwa mno Marekani, lakini faida yake kubwa haikumfikia aliyeitengeneza. Wenye makampuni wa huko, wakiwemo watu wa Thomas Edison, walizipata nakala, wakazinakili na kuziuza bila kumpa Méliès hata senti. Wale wanaouza kanda za wizi mijini wasifikiri waliuanzisha mchezo huo wao!

Méliès alimtuma kaka yake Gaston akafungue ofisi New York ili kulinda haki zake. Tangu hapo alikuwa akipiga kila sinema kwa kamera mbili kwa pamoja, ukanda mmoja ubaki Ufaransa na mwingine upelekwe Marekani. Tia jambo hili akilini.

Lakini mwizi hakuwa hatari pekee. Sinema ziliuzwa kwa mita, kama kitambaa dukani. Wanunuzi wengi walikuwa watu wa maonyesho ya kuhamahama, waliozunguka kwenye gulio baada ya gulio. Mtu akishainunua sinema ni yake, anaionyesha hadi ikatike, na mtengenezaji hapati kitu tena. Upande wa pili kulikuwa na kampuni ya Pathé, ambayo iliigeuza sinema kuwa kiwanda hasa, yenye wafanyakazi wengi na matawi nchi nyingi. Mwaka 1907 Pathé ilianza kukodisha sinema badala ya kuziuza. Anayekodisha lazima awe na sinema mpya kila wiki bila kukosa. Méliès, aliyechora kila wingu kwa mkono wake, angeweza wapi?

Mwaka 1908 makampuni makubwa ya Marekani yakaungana chini ya Edison, na aliyejiunga nao alitakiwa kuleta filamu nyingi kila wiki. Star Film ilijiunga, na Gaston akawa anatengeneza sinema zake mwenyewe huko huko Marekani ili kufikia kiwango. Mwaka 1909 wenye makampuni ya sinema wa Ulaya walikutana Paris, na mwenyekiti wao alikuwa Méliès. Heshima alipewa, lakini nguvu zilikuwa za wengine. Wapiganapo tembo wawili, ziumiazo ni nyasi.

Watazamaji nao walikuwa wanabadilika. Walitaka hadithi za kufukuzana barabarani na mapenzi ya watu wa kawaida. Méliès aliendelea na mashetani na nyota zake. Mwaka 1911, akiwa hana fedha, alikubali jambo ambalo hakuwahi kulikubali. Pathé ingemlipia gharama za sinema mpya, naye akaiweka rehani nyumba yake pamoja na jengo la vioo la Montreuil. Moja ya sinema alizotengeneza kwa pesa hizo ilikuwa ya safari ya ncha ya kaskazini ya dunia, ya mwaka 1912, yenye jitu la barafu linalomeza wasafiri. Leo tunaiona ni kazi safi sana. Wakati ule haikuuzika. Gaston naye alikuwa amesafiri hadi visiwa vya bahari ya Pasifiki kupiga sinema, akarudi na hasara. Kufikia mwaka 1913 Georges Méliès alikuwa ametengeneza sinema yake ya mwisho. Deni lilibaki.

MOTO

Msiba haujui kuja peke yake. Mei, 1913 mkewe Eugénie alifariki. Mwaka 1914 Vita vya Kwanza vya Dunia vikaanza. Vita vilisimamisha kwa muda kudaiwa kwa madeni, hivyo Pathé haikuweza kumnyang'anya mali mara moja. Lakini jeshi la Ufaransa lilitwaa ofisi za Star Film mjini, na mamia ya filamu zilizokuwa humo zikayeyushwa ili kupata madini ya fedha na seluloidi. Inaelezwa kwamba seluloidi hiyo ilitumiwa kutengenezea visigino vya viatu vya askari. Fikiria, ndugu msomaji! Kijana alikataa kazi ya viatu ya baba yake ili afanye sanaa, na sanaa yenyewe ikaishia kuwa viatu.

Kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi. Kuanzia mwaka 1917 aligeuza jengo lake jingine la Montreuil kuwa jumba la michezo ya kuigiza, na yeye na watoto wake wakapanda jukwaani kujitafutia riziki. Lakini mwaka 1923 mambo yakafika mwisho. Montreuil ikachukuliwa kwa ajili ya deni. Jumba la Robert-Houdin nalo likabomolewa ili kupanua barabara ya Haussmann.

Katika kuhama, Méliès alibaki na masanduku ya filamu zake ambazo hakuwa na mahali pa kuziweka. Alizichoma moto. Watu wamejadili sana kitendo hicho. Je, ilikuwa hasira? Ilikuwa kukata tamaa? Mimi naona aliyefanya kila kitu kwa mkono wake alitaka hata mwisho wake uwe wa mkono wake. Lakini sikufichi kwamba nilipofika hapa nilihuzunika.

MCHEZA KWAO HUTUNZWA

Mwaka 1925 alimwoa Jehanne d'Alcy, yule mwanamke aliyetoweka chini ya kitambaa mwaka 1896. Jehanne ndiye aliyekuwa na kibanda pale Montparnasse, na wazee hawa wawili wakawa wanakaa humo kutwa kucha.

Baadaye mhariri wa gazeti moja la sinema, Léon Druhot, alimtambua. Habari zikaenea. Waandishi wakaanza kumtembelea, na watu wakaanza kutafuta sinema zake. Nakala kadhaa zikapatikana katika jumba moja la mashambani huko Normandy. Tarehe 16 Desemba, 1929 ikaandaliwa sherehe ya kumuenzi katika ukumbi wa Salle Pleyel, Paris, na sinema alizodhani zimekufa zikaonyeshwa mbele ya ukumbi uliojaa. Mzee alisimama akashangiliwa. Mwaka 1931 akapewa nishani ya heshima ya taifa, na aliyemvisha alikuwa Louis Lumière, mtoto wa yule mzee aliyekataa kumuuzia mashine.

Nishani hailiwi, lakini. Kesho yake kibanda kilimngoja. Ni mwaka 1932 ndipo chama cha watu wa sinema kilipompa makao ya wazee huko Orly, yeye, mkewe na mjukuu wake Madeleine, aliyekuwa amefiwa na mama yake Georgette mwaka 1930. Huko Orly vijana wawili wapenda sinema, Henri Langlois na Georges Franju, walikuwa wakimtembelea. Walikuwa wakikusanya filamu za zamani ili zisipotee, na mwaka 1936 wakapata jengo lililoachwa karibu na makao hayo la kuziweka. Ufunguo wa jengo walimkabidhi Méliès. Mtu aliyechoma sinema zake mwenyewe akawa mlinzi wa sinema za wengine. Mkusanyiko huo ndio uliokuja kuwa hazina kubwa ya filamu ya Ufaransa, Cinémathèque.

Georges Méliès alifariki tarehe 21 Januari, 1938, akiwa na umri wa miaka 76, akazikwa Paris katika makaburi ya Père-Lachaise.

Akiba haiozi, walisema wazee wetu. Zile kanda za pili zilizopelekwa Marekani ili kuwazuia wezi, pamoja na nakala zilizouzwa kwa watu wa magulio, na hata baadhi ya zile za wizi zenyewe, ndizo zilizookoa kazi yake. Madeleine alikua, akatumia miaka mingi kuzitafuta nchi mbalimbali, na hivi sasa sinema zipatazo 200 zimepatikana. Mwaka 1993 nakala ya Safari ya Mwezini iliyotiwa rangi kwa mkono ilijitokeza Barcelona, Uhispania, ikiwa imegandamana kama jiwe. Ilichukua miaka mingi kuibandua na kuirekebisha, ikaonyeshwa Cannes mwaka 2011. Mwaka huo huo Martin Scorsese wa Marekani alitoa sinema yake Hugo, ambamo mzee wa kibanda cha stesheni anaonekana tena.

Turudi basi kwenye swali letu. Je, Méliès alikosea kujitegemea? Angeajiriwa Pathé mapema pengine angekufa tajiri, lakini sidhani kama mwezi ungechomwa jicho. Kosa lake, kama ni kosa, ni kwamba aliuza sinema kwa mita akajinyima jasho lake la baadaye, na aliposhindwa akadhani kwamba kazi yake imekufa pamoja na biashara yake. Haikuwa imekufa. Ilikuwa imetawanyika tu mikononi mwa watu, ikingoja.

Nasi tunaoandika michezo ya kuigiza na mashairi katika chama hiki, tusichane karatasi zetu siku tunaposhindwa mashindanoni. Na ukipita stesheni au sokoni ukamwona mzee anauza peremende, mwamkie kwa heshima.